Kimya cha Sebuleni Kwangu

Jumatatu, 6 Mei

Daftari hili kaninunulia mjukuu wangu. Alisema, Bibi, ukikasirika andika, usinipigie simu nikiwa kazini. Haya. Naandika. Nimekasirika.

Mjukuu mwenyewe namwita Mke Mwenza. Ni utani wetu, maana marehemu babu yake alikuwa akimwita mke wangu mdogo, na mimi ikanilazimu kununa. Anafanya kazi kituo cha televisheni. Ni mhariri. Wapiga picha wanamletea picha chungu nzima, yeye anazikata, anaziunga, mpaka zinakuwa kipindi. Ndivyo alivyonieleza na nimeelewa kila neno. Nisichoelewa ni kitu kimoja tu. Mbona haonekani?

Jirani yangu Bibi Miwani ana mjukuu anayesoma hali ya hewa. Kila jioni huyo, suti na tai, anapunga mkono mbele ya ramani kama anafukuza inzi. Akisema mvua, wewe anika nguo. Akisema jua, anua. Lakini anaonekana. Na Bibi Miwani kila jioni anakuja kwangu kumtazama, ingawa kwake televisheni ipo, na kubwa kuliko yangu. Anakuja kunionyesha tu. Roho mbaya.

Sasa ya jana. Mke Mwenza alisema kipindi cha ufugaji nyuki kakikata yeye, na jina lake litapita mwishoni. Nikaalika mtaa. Nikapanga viti, nikapika chai birika kubwa. Tukatazama nyuki mpaka tukawashwa. Bibi Miwani alikuja na miwani ya karibu na miwani ya mbali, akawa anaivaa kwa zamu. Majina yakaanza kupanda kama siafu, madogo, yana haraka zao. Nikasimama niwaonyeshe kwa kidole. Palepale picha ikajikunja, ikaenda kukaa pembeni kama mtoto aliyechapwa, na kioo kizima kikajaa tangazo la sabuni.

 Kisha Bibi Miwani akauliza, taratibu kabisa, kumbe mjukuu wako siku hizi anaitwa Sabuni?

Watu walicheka mpaka chai ikawatoka puani. Chai yangu.

Nikampigia Mke Mwenza. Akanijibu kwamba mhariri mzuri haonekani. Kwamba mtu akiigundua kazi yake, basi kaikosea. Nimeyazungusha maneno hayo kichwani tangu jana na hayakai. Hata mwizi anasema vivyo hivyo.

Halafu akatoa jingine. Kumbe bado yuko kwenye majaribio. Mkubwa wao kampa kipindi kimoja akikate peke yake, kitatoka Ijumaa ya wiki ijayo. Kikipendeza, anaajiriwa. Kisipopendeza, anafungasha. Ni kipindi cha mzee anayeishi peke yake, na mzee waliyekuwa wamempata kachukuliwa na binti yake juzi. Kwa hiyo haishi tena peke yake. Kwa hiyo hafai.

Nikamwambia asihangaike, mzee kampata.

Alinyamaza mpaka nikadhani salio limeniishia.

Jumanne, 7 Mei

Nimekwenda kituoni kukagua. Mtoto haachiwi jambo kubwa peke yake. Mlinzi wa langoni akaniuliza nimealikwa na nani. Nikamwuliza yeye kaalikwa na nani. Akafungua.

Chumba anachokaa Mke Mwenza! Hakina dirisha. Kiza tupu, na baridi ya kuhifadhia nyama. Miaka yote nawaambia watu mjukuu wangu yuko kwenye televisheni, kumbe yuko kwenye jokofu. Mbele ana vioo viwili, kichwani kavaa hedifoni. Kwenye kioo mzee mmoja wa idara ya maji alikuwa anasema, aaa, kwa kweli, eee, kwa kweli, mmm. Mke Mwenza akabonya, aaa ikatoka. Akabonya, eee ikatoka. Mzee akarudi mwanzo akasema tena, na tena, na tena, mpaka nikawa namjibu. Mwishowe akatoa sentensi moja safi, kama kafundishwa na mama yake. Na mwenyewe hayupo! Yuko kwake anakula.

Akanionyesha na mtangazaji anayemsikiliza yule mzee huku akiitikia kwa kichwa, ndiyo, ndiyo. Nikasema huyu kalelewa. Mke Mwenza akacheka, akasema picha hiyo ilipigwa baada ya mzee kuondoka. Mtangazaji alikuwa anauitikia ukuta.

Mtu mzima. Na mshahara anapokea.

Nikachanganyikiwa, lakini katikati ya kuchanganyikiwa nikapata wazo. Nikamwuliza, mjinga anaweza kukatwakatwa mpaka akaonekana ana busara? Akasema ndiyo, ndiyo kazi ya kila siku. Na mjanja je, anaweza kuonekana mjinga? Akasema inawezekana, Bibi, ila haifai.

Mimi nilisikia inawezekana. Bibi Miwani lazima awemo kwenye hicho kipindi.

Koridoni tukakutana na Mkubwa wao. Mwanamke mfupi, kalamu kaichomeka kwenye nywele na huku anaitafuta mfukoni. Nikaona nimpigie mtoto debe. Nikamwambia, huyu mtoto hana kasoro, hata ile ya kukojoa kitandani ilikwisha alipofika darasa la sita. Mke Mwenza alikuwa nyuma yangu. Mkubwa akaitikia kwa kichwa, ndiyo, ndiyo. Nikajitazama kama nimefanana na ukuta.

Mke Mwenza hakunisindikiza langoni. Kazi nyingi, masikini.

Jumatano, 8 Mei

Kesho wanakuja na kamera. Nimepaka chokaa sebule nzima. Kiti cha marehemu nimekitandikia kitambaa kipya. Hotuba iko tayari, nimeanzia nilipozaliwa. Wasinidharau kwa kuandika. Elimu ya watu wazima nilitoka wa pili, na aliyetoka wa kwanza aliangalizia.

Lakini jambo moja limenikaa kooni tangu asubuhi. Mzee anayeishi peke yake. Nimelisema kwa sauti, polepole, nikalisikia lilivyo. Yaani dunia nzima initazame nimekaa hapa kama sufuria lililosahauliwa kwenye arusi ya watu? Wanangu wataonekanaje? Mmoja yuko mbali kwa kazi, mwingine yuko mbali kwa ndoa, Mke Mwenza yuko kwenye jokofu. Watu watasema nimetupwa. Sijatupwa. Nimewekwa.

Dawa nimeipata nikiwa naazima viti. Kama viti vinaazimwa, watu wana nini? Nimepita nyumba hadi nyumba. Nimewaambia kesho njooni mkae kwangu kama mnaishi hapa, mkate na chai vipo. Wamekubali wote, hata ambao sikuwaambia. Fundi Viatu wa pale kona atakuwa mwanangu mkubwa. Mama wa Saluni atakuwa mkwe, nimemwomba anune kidogo ili waamini. Watoto nimepewa wa kila kimo.

Bibi Miwani nimempangia kiti kinachotazama dirisha, jua linapoingilia. Miwani itawaka kama taa za lori, hakuna atakayemwona hata pua. Akataka kujua kwa nini leo nimemkumbuka. Nikamjibu ujirani ni undugu. Akanitazama juu ya miwani, akasema atakuja, kwa sababu asiyekuwepo na lake halipo, nikamwambie hivyo na mjukuu wangu wa sabuni.

Ataona huyu.

Alhamisi, 9 Mei

Wamekuja wawili. Mpiga Picha, na Fundi Sauti ambaye alibeba kitu cha manyoya juu ya fimbo, kama paka aliyeanikwa. Wakakuta sebule imejaa mpaka dirishani. Wakatoka nje, wakatazama namba ya nyumba, wakarudi.

Mpiga Picha akaniuliza kwa adabu, Bibi, hivi unaishi na nani? Nikamjibu peke yangu, na hawa. Akawageukia hawa. Mama wa Saluni, na kununa kwake, akasema yuko hapa tangu aolewe. Kaolewa na nani? Akamwonyesha Fundi Viatu. Sasa mke halisi wa Fundi Viatu alikuwa kakaa ubavuni mwake, kikombe mkononi. Hilo nilisahau kulipanga. Chai haikumwagika yote. Iliyomwagika ilimpata mumewe vizuri.

Hotuba nimeitoa. Kidude cheusi kama mende walinibana kifuani, wakasema ndiyo kinachonasa sauti, nisikiguse. Nimekigusa mara chache tu. Nimesema kuzaliwa, nimesema kuolewa, nimewasema walioniibia kuku mmoja baada ya mwingine, na wawili kati yao walikuwa humohumo sebuleni wanakula mkate wangu. Kila nikifika pazuri, mtu anakohoa. Mtoto analilia siagi. Mkwe anasonya, wakati nilimwambia anune tu, kusonya hatukukubaliana.

Mkate ulipokwisha, na familia ikaisha. Wakaanza kutoka mmoja mmoja, asante bibi, haya bibi, kwaheri bibi. Mpiga Picha akawafuata na kamera mpaka wa mwisho akafunga mlango. Nikamwuliza picha za migongo ni za nini. Akasema mhariri ataona cha kufanya nazo.

Akabaki Bibi Miwani. Na jua lilishasogea! Miwani haikuwaka hata kidogo. Akaulizwa yeye nani kwangu, akasema jirani. Akaulizwa kwa nini anakuja hapa kila jioni. Nikasubiri amtaje mjukuu wake na tai yake. Akasema, "Televisheni kwangu ipo. Wa kugombana naye ndiye hayupo."

Sikumwelewa. Nimehisi ni tusi, bado nalitafuta lilipo.

Halafu kituko chenyewe. Fundi Sauti akasema sasa wote watoke, anataka kunasa kimya cha chumba. Nilidhani jua limempiga. Akanieleza kila chumba kina kimya chake, cha jikoni si cha sebuleni, na mhariri akikata maneno anahitaji kipande cha kimya kilekile akitandike chini, ili pale alipounga pasisikike. Kwa hiyo duniani kuna mtu analipwa kuja nyumbani kwa watu kuchukua kimya. Nikamwambia haya, chukua. Wengine wakatoka. Mimi nikabaki kitini kwa sababu ya mende wa kifuani. Kamera nayo ikabaki imesimama kwenye miguu yake mitatu inanikodolea.

Fundi Sauti akainua kidole. Nikanyamaza.

Nilijitahidi, Mungu ni shahidi. Pua ikapiga filimbi. Saa ya ukutani, ka, ka, ka. Nikaona upuuzi gani huu. Nikamwambia, mwanangu, kama mlikuwa mnatafuta kimya cha humu mngenipigia simu tu, ningewafungia kwenye mfuko mkapitia mlangoni. Kimejaa tele. Nikizima televisheni kinatoka, kinakuja kukaa pale kwenye kiti cha marehemu, tunatazamana. Ndiyo maana siizimi. Na pia huwezi kujua, wanaweza kukosea siku moja wakamwonyesha mtoto wetu, nami nikawa nimezima.

Kidole chake kikashuka chenyewe. Akasema, asante Bibi, inatosha. Macho mekundu. Ile chokaa bado mbichi, nilimwambia afungue dirisha. Mtu katumwa kimya, anaondoka na maneno yangu. Kazi yenyewe hawaijui.

Jumamosi, 11 Mei

Nimempigia Mke Mwenza kumpa maelekezo. Hotuba aiweke yote. Bibi Miwani amtoe, au ambakize kiatu. Na yeye mwenyewe ale.

Hakucheka. Akasema, "Bibi, hawa watu wote ni nani?"

Nikamwambia familia.

"Familia ni mimi, Bibi. Hawa ni nani?"

Nikamwuliza kama kala. 

Akaanza kunieleza, na sauti inapungua kama betri. Kila neno langu lina kikohozi cha mtu ndani yake, akikata kikohozi neno nalo linakwenda. Pale ninaposema naishi peke yangu, nyuma yangu kuna mwanamke anasonya. Angeweza kufichaficha mikato kwa kimya cha chumba, lakini kimya hana, kwa sababu pale pa kimya nimeongea mimi. Wenye kamera wamepelekwa kazi nyingine, hawarudi. Akasema Mkubwa atakiona kipindi hivyohivyo kilivyo, na baada ya hapo yeye atarudi nyumbani na mabegi yake.

Nikamwambia rudi tu, chumba chako kipo na godoro nimeanika.

Nilidhani ni jibu zuri. Akakata simu. Kukata ndiyo kazi yake, lakini hakuunga.

Kosa langu silioni. Ila usingizi nao siuoni.

Jumatatu, 13 Mei

Nimepiga simu kituoni, nikamtaka Mkubwa. Nimemwokoa mtoto, nadhani.

Nilimwambia wale watu wote kwenye picha ni wanangu, wa tumbo langu. Mkubwa akauliza, kwa hiyo huishi peke yako? Basi kipindi kinadanganya watu, hakiwezi kwenda hewani. Nikarudi nyuma haraka, nikasema naishi peke yangu. Akauliza, na wale? Nikasema wameazimwa. Akauliza, na mhariri wangu ndiye aliyewaazima? Hapo nikaliona shimo. Nikasema mhariri hana habari, nimewaazima mimi mwenyewe, pamoja na viti, na viti nimesharudisha.

 Akauliza kwa nini mtu aazime watu. Swali la mtu aliyesoma sana. Nikamwuliza, wewe mwanangu, wageni wakikujia na vikombe havitoshi, huazimi?

Akasema asante, ana kikao.

Sijui nimeshinda au nimeshindwa. Jioni Bibi Miwani kaja, mjukuu wake kapunga mkono, kasema upepo mkali. Nje hata jani halikutikisika. Sikuwa na nguvu ya kumcheka. Bibi Miwani akasubiri nicheke. Akanitazama. Akauliza naumwa? Nikamwambia atazame ramani aache maswali. Akasema nimemharibia jioni yake, akaenda kwake kabla ya habari za michezo.

Sasa hata huyu nimemkosea. Watu wa siku hizi hawajulikani wanataka nini.

Jumanne, 14 Mei

Mke Mwenza kaja! Mwenyewe, alasiri, bila taarifa, na mkoba begani. Hajakanyaga hapa kwangu tangu kabla ya mvua. Kakonda. Uso umefubaa kama nguo iliyokaa sandukuni. Nikakimbilia mlangoni niite watu, asikute nyumba baridi. Akanishika mkono, akasema watu hawatakiwi. Kaja kuchukua kimya.

Tena? Nyumba yangu imekuwa ghala.

Akaenda akakaa kwenye kiti cha babu yake. Pale hapakaliwi. Nilitaka kumwinua, nikaona nimwache. Akazima televisheni, akatoa kinasa sauti cha kuazima, akavaa hedifoni, akainua kidole kama yule mwenzake. Nikabana pua. Safari hii nimeweza mpaka mwisho. Nilikuwa namtazama yeye, labda ndiyo sababu. Televisheni nzima haijawahi kumwonyesha, na pale alikuwa anaonekana vizuri, hata kovu la kidevuni.

Akavua hedifoni.

"Bibi, yale uliyomwambia Fundi Sauti ni ya kweli?"

"Yapi?"

"Ya wakati wa kimya."

"Wakati wa kimya nilikuwa kimya."

Akacheka, akajipangusa uso kwa kiganja. Akasema anaomba ruhusa yangu ayatumie, na nikikataa hayatatoka, hata kama kazi itaondoka. Akataka nifikirie kwanza, maana watu wengi watayasikia. Nikamwambia atumie chochote, mradi hotuba isiguswe na Bibi Miwani apunguzwe. Akasema la hotuba tutazungumza.

Hatukuzungumza. Alisinzia palepale kitini, viatu mguuni. Televisheni sikuiwasha tena, asije akaamka.

Ijumaa, 17 Mei

Aibu. Aibu mbele ya chai yangu mwenyewe.

Sebule ilijaa kuliko siku ya sabuni. Fundi Viatu kaja na mkewe, wamepatana, ila wamekaa mbali kidogo. Mama wa Saluni kaja bila kununa. Bibi Miwani mbele kabisa, miwani yake yote miwili tayari.

Kipindi kikaanza. Mlango wangu. Watu wanatoka. Migongo, migongo, kwaheri bibi, asante bibi. Waliokuwepo wakachekana, ona kisogo chako, ona chako. Wa mwisho akatoka. Mlango ukafungwa. Nikabaki mimi kwenye kiti, na sebule, na saa.

Nikawaambia subirini, hotuba ndiyo inakuja.

Ikaja sauti yangu. Kimejaa tele. Tunatazamana. Na kiti cha marehemu, kikubwa, na kitambaa chake kipya. Jamani! Yale niliyomfokea mtoto wa watu, ndiyo aliyoyaweka! Kuzaliwa hakuna. Kuolewa hakuna. Wezi wa kuku wamepona wote. Kisha huyo Bibi Miwani, uso mzima, anasema wa kugombana naye ndiye hayupo. Hakupunguzwa hata kope. Kisha kimya. Kirefu. Nikakitambua, ni kile cha Jumanne, alichokichukua Mke Mwenza kwa mkono wake. Hakuna muziki, hakuna mtu. Kiti na saa tu.

Nikageuka niwaombe radhi wageni kwa mitambo kuharibika. Namkuta Mama wa Saluni analia, wala sikumwomba. Fundi Viatu kainama anatazama viatu, naye mkewe kamsogelea. Bibi Miwani kavua miwani yote miwili. Nikaonja chai, labda nimetia chumvi. Haikuwa na chumvi. Basi nikasimama mbele yao, nikawaambia msilie, hotuba imekatika huko kwao lakini ninayo, nitawasomea. Nikaanza. Nilizaliwa mwaka wa nzige.

"Keti wewe!" Bibi Miwani huyo. Kanyoosha kidole. "Jina!"

Nikageuka. Sabuni.

Kumbe lilipita. Peke yake, kubwa, polepole, kwenye kioo cheusi, na wala halikujikunja. Mimi nimelikinga kama kabati. Mtaa mzima umeona tumbo langu. Aliyeliona ni Bibi Miwani peke yake, kachungulia chini ya kwapa langu. Nikamwuliza lilikuwaje.

Akasema, "Zuri. Limekaa katikati."

Sikutaka kumwamini, kwa hiyo nikamwuliza tena. Na alipofika mlangoni nikamwuliza tena.

Jumamosi, 18 Mei

Kaajiriwa! Mke Mwenza kapiga simu asubuhi. Anasema Mkubwa alikitazama kipindi mpaka mwisho, akakaa, kisha akatoka koridoni kumpigia simu mama yake. Aliporudi akamwambia, Jumatatu njoo kama mwenzetu. Mama yake Mkubwa kaingiaje hapa sijui. Watu hawamalizi jambo moja wakaanza jingine.

Mwenyewe nimekaa nikafikiri na nimeona wazi kilichomwokoa mtoto. Kwanza ni yale maneno yangu koridoni, ya kitanda. Mkubwa alinielewa tangu siku ile. Pili ni chokaa. Kazi yenyewe bado ina kasoro. Hotuba katupa, upuuzi kaubakiza, kimya kamwaga mpaka watu wamelia. Nimemwambia asivunjike moyo, ataijua kazi taratibu, na mimi nitakuwa nakwenda pale kwenye jokofu lake kila Jumanne kumwelekeza. Hakujibu upesi. Salio, nadhani.

Jioni tumetazama hali ya hewa. Mjukuu wa Bibi Miwani kasema jua. Tukatoka wote wawili, tukaanua nguo. Nilimcheka mpaka mbavu. Bibi Miwani naye akacheka, na anayechekwa ni wa kwake! Sikumwelewa, lakini alikaa mpaka habari za michezo.

Kesho Mke Mwenza anakuja. Na anasema sasa atakuwa anakuja kila Jumapili. Hataki nihangaike, hataki nipike cha maana, anataka tukae mimi na yeye, basi. Kalirudia, Bibi, wawili tu, tafadhali. Nikamwambia nimesikia.

Masikini, hajui kuomba. Mtu kaajiriwa televisheni, aje akute nyumba imenyamaza? Nimeshapita mlango hadi mlango. Mkate nimeongeza. Fundi Viatu safari hii nimempanga na mke wake mwenyewe. Bibi Miwani sikumwalika, asije akajiona. Nimemwambia tu awahi, alete viti vyake, akae mbele, na aje na miwani yote miwili, maana kesho mtoto anaonekana.